Je, wajua kwa nini filamu hupotea na sauti yake ikabaki?

Mwaka 1929 kampuni ya Warner Bros. ilitoa filamu iitwayo Is Everybody Happy?, yaani "Je, wote mna furaha?" Ndilo swali alilozoea kuwauliza watazamaji Ted Lewis, kiongozi wa bendi ya jazi kutoka Ohio, akiwa jukwaani na klarineti yake na kofia ndefu nyeusi iliyochakaa. Nyota wa filamu ni yeye mwenyewe. Leo filamu hiyo imo kwenye orodha ya zilizopotea, ila sauti yake ipo.

Siri iko kwenye santuri. Wakati ule Warner walitumia mfumo wa Vitaphone, ambao sauti yake haikukaa kwenye ukanda wa picha. Kila roli ya ukanda, ya kama dakika 11, iliambatana na santuri yake yenye upana wa inchi 16. Mwendesha projekta aliweka sindano kwenye alama ya mshale karibu na katikati, kwani santuri hizo zilipigwa kutoka ndani kwenda nje, kisha akawasha vyote kwa pamoja. Kazi ilikuwa na roho mkononi! Ukanda ukikatika na picha chache zikaondolewa, mdomo wa mwimbaji ulienda huku na sauti kule, hivyo ilibidi pengo lizibwe kwa kipande cheusi cha urefu uleule.

Sindano nayo ilichakaza santuri. Kwenye lebo kulikuwa na visanduku vya kuweka alama kila ilipopigwa. Vikijaa, santuri ilitupwa.

Lakini kilichoangamia ni ukanda. Ulikuwa wa naitreti, kitu ambacho kikishika moto huendelea kuwaka hata ndani ya maji, na hata pasipo moto huoza polepole hadi kikawa unga. Tena studio hazikuona faida ya kuhifadhi filamu zilizokwisha kuonyeshwa. Nyingi ziliyeyushwa ili ipatikane fedha, ile madini, iliyokuwemo kwenye picha. Santuri hizo, zilizotengenezwa kwa shelaki (aina ya utomvu mgumu), huvunjika zikianguka, ila zikisahaulika kabatini haziozi.

Tangu 1991, wapenzi wa santuri hizi chini ya Vitaphone Project wamekuwa wakitafuta sauti zilizoachana na picha zake, na filamu fupi nyingi zimeunganishwa upya. Ya Lewis bado inasubiri picha zake.