Milango ya Mji Mkongwe Haikuwahi Kuzuia Tembo

Wiki iliyopita, kichochoroni upande wa Hamamni, mwalimu mmoja kutoka bara alinitangulia kusema. Alikuja Unguja na wanafunzi 30 kwa boti ya asubuhi, nikawa nawatembeza kwa saa mbili. Tulipofika kwenye mlango mkubwa wenye njumu za shaba, akainua mkono: "Mnaona miiba hii? Iliwekwa ili tembo wasivunje mlango." Watoto wote wakainama kuandika. Mwalimu hakosolewi mbele ya wanafunzi wake, kwa hiyo nilingoja hadi tulipopumzika barazani, nikamweleza pembeni. Aliipokea vizuri. Nikamuuliza ameipata wapi habari hiyo. Akasema: "Hapahapa, kaka. Niliambiwa na mwongozaji wetu nilipokuja zamani."

Hapo ndipo paliponiuma. Ilikuwa mara ya nne kwa wiki moja kusikia habari ya tembo, na safari hii nikajua tunaoieneza ni sisi waongozaji wenyewe. Basi hizi hapa kauli ninazozisikia, nikianza na hiyo ya tembo, na majibu yangu.

"Njumu ni za kuzuia tembo"

Unguja haina tembo. Marco Polo aliandika kwamba Zanzibar ina tembo wengi, lakini yeye hakufika hapa. Alisimulia ya kusikia. Hebu tuseme wangekuwapo. Simama katikati ya kichochoro cha Mji Mkongwe na unyooshe mikono. Vipo ambavyo vidole vyako vitagusa kuta zote mbili. Tembo apite wapi? Ageukie wapi? Na huo mwendo wa kukimbilia mlango ili ausukume aupatie wapi?

Sasa usogelee mlango wenyewe. Usipige picha kwanza. Gusa njumu moja. Ni shaba, kitako chake ni cha mviringo kama kifuniko kidogo, na ncha yake imelainika kwa kushikwashikwa na kufutwa. Zimepangwa kwa safu zilizonyooka, na safu za chini ziko usawa wa magoti yako. Malango ya ngome za Bara Hindi, ambako tembo wa vita walikuwa wa kweli, yana miiba ya chuma, mirefu, mikali, na imewekwa juu pale panapofika paji la uso wa tembo. Simulizi ilitoka huko. Mtindo wa njumu ulivuka bahari pamoja na mafundi na wafanyabiashara wa Kihindi, na ulipofika hapa ukawa pambo. Baadhi ya njumu zina kazi ya kushika ubao kwenye mbao zilizokingama nyuma, lakini shaba yenyewe, jinsi ilivyo nyingi na inavyong'aa, ilikuwa ya kumwambia mpita njia kwamba mwenye nyumba hii anazo.

Ukishaacha habari ya tembo, mlango huanza kukuambia mambo. Tazama kizingiti cha juu. Kikiwa kimenyooka, huo ni mtindo wa Kiomani, ulio wa zamani zaidi, na mara nyingi utaona maandishi ya Kiarabu yamechongwa pale, aya ya Qur'ani, pengine pamoja na mwaka wa Hijria. Kikiwa cha upinde, chenye maua na majani yaliyojaa kila mahali, huo ni mtindo uliokuja baadaye kwa nguvu ya Wahindi, mwishoni mwa karne ya 19. Ukienda mitaa ya maduka utakuta milango ya Kigujarati: vibao vidogo vya mraba vinavyokunjwa, ili mwenye duka afungue upande mmoja, apange bidhaa, akae papo hapo auze. Katikati ya mlango wa mbao mbili, ule mwimo uliochongwa unaoziba mwanya, unaitwa mfaa. Mkazie macho mfaa. Fundi huweka mkono wake bora pale.

Mbao pia zina safari zao. Msaji uliletwa kwa vyombo kutoka Bara Hindi. Wengine walitumia mfenesi wa hapahapa. Ukiona nakshi ya mnyororo kandokando ya miimo, usimkubali anayekuambia moja kwa moja kwamba nyumba ile ilikuwa ya mfanyabiashara wa watumwa. Wachongaji huueleza mnyororo kama alama ya ulinzi wa nyumba. Huwezi kumhukumu mtu kwa nakshi.

Lakini sijasema linalonikera zaidi. Tembo kweli walifika Unguja, tena kwa maelfu. Walifika wakiwa pembe. Pembe zilitoka bara, mabegani mwa wapagazi, zikapita Tabora, zikashuka hadi Bagamoyo, zikapakiwa kwenye vyombo na kuvushwa. Ziliposhushwa hapa zililipiwa ushuru forodhani, na ndiyo maana ile bustani ya mbele ya ngome unayokula mishikaki usiku inaitwa Forodhani. Kutoka hapa nyingine zilikwenda Bara Hindi kuwa bangili za maharusi. Nyingine zilinunuliwa na Wamarekani, khasa wafanyabiashara wa Salem, mji wa bandari huko Massachusetts, ambao nchi yao ilifunga mkataba wa biashara na Sultani Sayyid Said mwaka 1833. Zilifika hadi Connecticut, zikakatwa vipande vyembamba vya kufunika vibao vya piano. Mtu alikaa sebuleni kwake Marekani akipiga piano kwa pembe iliyobebwa na mpagazi wa Kinyamwezi, na mara nyingine na mtumwa.

Fedha ya pembe hizo, pamoja na ya karafuu na ya watu waliouzwa, ndiyo iliyosimamisha nyingi ya nyumba hizi na kulipia milango yake. Nenda Shangani, usimame mbele ya nyumba ya Tippu Tip, aliyefariki mwaka 1905 baada ya maisha ya kutafuta pembe hadi Kongo. Mlango wake umechongwa vizuri. Tembo yumo mle mlangoni, na yumo kama bei iliyolipwa. Unapomwambia mtoto kwamba shaba ile ilimzuia tembo, umemnyima habari nzima: nani aliua, nani alibeba, nani alinunua, nani akajenga. Habari hiyo inahitaji dakika 10 mbele ya mlango mmoja, na hizo dakika 10 ndizo ninazoziombea kila siku kwa wageni wanaotaka kuona milango 40.

"Utumwa uliisha mwaka 1873"

Hii nayo huandikwa madaftarini. Juni 1873 Sultani Barghash, kwa shinikizo la Uingereza, alitia saini mkataba wa kupiga marufuku usafirishaji wa watumwa baharini na kufunga masoko ya hadhara. Kanisa kuu la Anglikana pale Mkunazini lilianza kujengwa mwaka huohuo, mahali palipokuwa soko. Lakini kumiliki mtumwa kuliendelea kuwa halali Unguja na Pemba hadi 1897. Miaka 24 baada ya soko kufungwa, mtu bado aliweza kumwita mwenzake mali yake, na sheria ikamkubalia. Soko lenyewe lilikuwa uwanja wa wazi. Vile vyumba viwili vya chini unavyoonyeshwa kando ya kanisa viko chini ya jengo la wamisionari, na wapo wanahistoria wanaotilia shaka kwamba viliwahi kuweka watumwa. Ingia, uinamishe kichwa, lakini mweleze mwanao habari ya uwanja pia.

"Vichochoro vilibanwa ili maadui wapotee"

Hapana. Kuta ndefu zilizokaribiana zinaleta kivuli kutwa nzima, na upepo wa baharini hupenya katikati yake. Tembea saa saba mchana barabara ya Darajani, kisha ukate uingie ndani; utaijua tofauti kwa ngozi. Kisha hakuna aliyekaa akapima mitaa. Kila ukoo ulijenga kwenye kiwanja chake, njia ikawa ni kile kilichobaki. Hata vyumba vyembamba vya ndani vina sababu yake: dari hubebwa na boriti za mikoko, na boriti ya mkoko haikupi chumba chenye upana unaozidi mita 3 hivi.

"Ziara ya kutembezwa ni ya wazungu"

Bibi mmoja wa Morogoro alikuja na mjukuu wake. Mjukuu ndiye aliyelipa. Bibi alifuata kwa kumridhisha tu. Akaniambia tangu mwanzo: "Mwanangu, mimi Mswahili, utanieleza nini?" Nikasema tutembee tu, bibi. Tulipofika Darajani akasimama, akaangalia huku na huku, akauliza: "Mbona sioni daraja?"

Swali hilo sijawahi kuulizwa na mgeni wa Ulaya, kwa sababu haelewi neno. Nikamweleza kwamba pale palikuwa na mkono wa bahari, maji yakijaa na kupwa, yakiutenga mji wa mawe na upande wa pili. Daraja lilivuka hapo. Mkono ule ulifukiwa kidogo kidogo ukawa nchi kavu, barabara ikapita, majina yakabaki: Darajani, na kule ng'ambo ya maji, Ng'ambo. Bibi akacheka kwa furaha, akamgeukia mjukuu: "Unasikia? Ng'ambo!" Toka hapo kila mtaa aliuuliza jina. Kiswahili chako ndicho ufunguo wa nusu ya mji huu, na mtu asiye nacho anauona kwa nje tu.

"Ramani ya simu inatosha"

Kutopotea inatosha, ingawa baina ya kuta ndefu ile alama ya buluu hurukaruka. Na hata ukipotea, mji ni mdogo: tembea mbele utatokea ama baharini ama Darajani. Lakini simu haijui kwamba baraza unayotaka kukalia ni ya watu, na kwamba salamu hutangulia. Mji Mkongwe uko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu mwaka 2000, na bado watu wamo, wanafua, wanasomesha watoto, wanazika. Usipige picha ya mlango uliofunguliwa kabla ya kupiga hodi.

"Anayenipokea bandarini ndiye mwongozaji"

Pengine, pengine ni papasi, yaani mtu anayewavizia wageni bila kibali. Muombe kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii, ukisome jina na picha. Kubalianeni bei na muda kabla ya hatua ya kwanza, na mwambie unataka kuona vitu vichache kwa utulivu. Akikuahidi sehemu 20 kwa saa moja, mshukuru, umwache aende.

Na usianze saa sita mchana kwa sababu tu boti ndiyo imefika. Ziara fupi ina saa zake mbili nzuri. Ya kwanza ni saa mbili asubuhi, maduka yanapofunguliwa na mabaraza bado yana ubaridi. Ya pili ni saa kumi alasiri baada ya sala, uanzie Darajani, uingie Mkunazini, upumzike kwa kikombe cha kahawa chungu pale kijiweni Jaws Corner, wazee wakicheza dhumna, kisha uteremke hadi Forodhani jua likizama, vijana wakijirusha baharini kutoka ukutani na wapishi wakiwasha mkaa.