Je, wajua? Vina na mizani ndivyo vilivyolinda mashairi ya Muyaka

Muyaka bin Haji al-Ghassaniy, malenga wa Mombasa, alifariki karibu na mwaka 1840. Diwani yake ilipigwa chapa Johannesburg mwaka 1940. Kwa muda wa karne moja, basi, tungo zake ziliishi bila kitabu. Tukizisoma leo, tuna hakika gani kwamba tunasoma alichokitunga yeye?

Jibu linalosikika sana ni kwamba Muyaka aliandika, karatasi zikatunzwa, kisha Mzungu fulani akazichapa. Safari yenyewe ilikuwa ndefu zaidi. Tungo nyingi za Muyaka zilikaa vinywani mwa watu. Alikuwa mshairi wa mambo ya mjini: mapenzi, ukame wa mfuko, vita vya maneno na watu wa Lamu, siasa za Wamazrui waliotawala Mombasa na Sayyid Said, Sultani wa Omani na Zanzibar. Mashairi ya namna hiyo watu huyashika kwa moyo. Aliyeyakusanya ni mwanazuoni wa Mombasa, Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi, miaka mingi baada ya Muyaka kuzikwa. Aliyaandika kwa herufi za Kiarabu, na kazi hiyo ikaingia mikononi mwa mmisionari W. E. Taylor. Karatasi za Taylor zikaishia London, William Hichens akatoa diwani kutokana nazo, na mwaka 1979 Profesa Mohamed Abdulaziz wa Chuo Kikuu cha Nairobi akatoa kitabu chake kuhusu Muyaka, chenye mashairi na historia iliyoyazaa. Mchango wa Mwalimu Sikujua hautajwi inavyostahili. Bila yeye wale wengine wasingekuwa na cha kuhariri.

Sasa tuje kwenye kosa kubwa zaidi. Tumezoea kufundishwa kwamba vina (silabi zinazofanana mwishoni mwa vipande) na mizani (hesabu ya silabi katika mshororo) ni pambo la shairi, au ni sheria ya kumbana mshairi. Mgogoro wa miaka ya 1970, mshairi Euphrase Kezilahabi alipotoa diwani yake Kichomi na kuacha vina, uliendeshwa kwa lugha hiyo hiyo: upande mmoja ukitetea urithi, wa pili ukidai uhuru. Ni mjadala wa maana, lakini uliacha kando kazi moja ambayo vina na mizani vilikuwa vikiifanya kimyakimya kwa karne kadhaa. Vilikuwa mlinzi wa maneno. Anayehariri shairi la kale huvitegemea kuliko kitu kingine chochote.

Kwanza tatizo lenyewe. Herufi za Kiarabu zina alama tatu tu za irabu: a, i na u. Mwandishi wa zamani aliyetaka e alitumia alama ya i, na aliyetaka o alitumia ya u. Konsonanti nazo hazikutosha. Herufi ba ilibeba b, p na mb. Fa ilibeba f na v. Dali ilibeba d na nd. Kwa hiyo baba, papa na pamba huweza kuandikwa sawasawa kabisa, na penda na pinda vilevile. Msomaji wa enzi hizo hakusumbuka, kwa sababu shairi alikuwa amekwisha kulisikia, na maandishi yalimkumbusha tu. Anayesumbuka ni mhakiki anayekuja miaka mia baadaye.

Hapo ndipo kina kinapofanya kazi. Chukua ubeti ambamo vipande vitatu vinaishia kwa herufi ba yenye alama ya a. Neno la kwanza laweza kuwa kopa, komba au kumba. La pili laweza kuwa nyumba au yumba. La tatu laweza kuwa baba, papa au pamba. Ukilishika kila neno peke yake hutoki. Lakini la pili, ulisome utakavyo, linaishia kwa mba, na vipande hivyo vitatu vina kina kimoja. Papo hapo kopa inatoka, baba inatoka, papa inatoka. Limebaki pamba, pamoja na komba au kumba, na hayo mawili yataamuliwa na maana ya mshororo. Ni kama fumbo la maneno gazetini, ambapo neno la wima hukuonyesha herufi ya neno la ulalo.

Mizani inalinda kwa njia nyingine: inamfichua mnakili aliyeruka au kubadilisha neno. Tazama ubeti wa mwanzo wa utendi ambao Mwana Kupona binti Msham alimtungia bintiye mwaka 1858:

Negema wangu binti
mchachefu wa sanati
upulike wasiati
asa ukazingatia

Hesabu kwa vidole: ne-ge-ma-wa-ngu-bi-n-ti. Nane, na ile n ya binti inahesabiwa peke yake, kama inavyohesabiwa m ya mchachefu. Sasa tuseme mnakili wa baadaye, aliyezoea kusema wasia, ameandika "upulike wasia". Mizani zinashuka hadi saba, na kina cha ti kinavunjika. Mhakiki hahitaji hata kujua wasiati ni nini ili atambue kwamba hapo pameguswa. Katika shairi la mizani kumi na sita, lenye kina cha kati na cha mwisho, ukaguzi huo unafanyika mara mbili kwa kila mshororo, na mara nane kwa kila ubeti. Inastaajabisha kwamba watunzi waliojenga umbo hilo kwa ajili ya sikio walimwachia mhariri chombo cha kusahihishia.

Hata hivyo chombo hiki kina mipaka, na mhakiki makini huiheshimu. Ule mshororo wa tatu unatosha kuonyesha. Pulika ni kusikia, kwa lugha ya kaskazini. Mnakili wa kusini angeweza kuweka "usikie" mahali pa "upulike", na mizani zingebaki nne kwa nne. Kina kisingeguswa, kwa kuwa neno liko mwanzoni. Badiliko la namna hiyo hupita bila kugunduliwa, isipokuwa kama upo muswada mwingine wa kulinganisha nao. Ndiyo maana kazi ya J. W. T. Allen, aliyezunguka pwani akikusanya miswada ambayo leo iko katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ina uzito kuliko inavyoonekana kwa mtu anayeona makaratasi tu.

Hatari ya pili hutoka kwa mhariri mwenyewe. Washairi wana ruhusa zao: inkisari ya kufupisha neno, mazida ya kulirefusha. Mshororo unaoonekana kuwa na mizani saba huenda ulikuwa na nane kinywani mwa mtunzi, aliyetamka enenda mahali pa enda. Mhariri mwenye haraka huongeza neno lake na kuita marekebisho. Kwa maoni yangu, afadhali mshororo uliochechemea ukaachwa hivyo na kuwekewa alama, kuliko kunyooshwa na mtu ambaye hakuwahi kuusikia ukiimbwa.

Kisha kuna yale ambayo hesabu haiyafikii kabisa. Muyaka alijibizana na washairi wa Lamu, miongoni mwao Bwana Zahidi Mngumi, kwa mafumbo ya kisiasa ambayo kila mtu wa mjini aliyaelewa. Vina vikikaa sawa na mizani zikitimia, bado hujui nani anapigwa kijembe. Abdulaziz alilazimika kurudi kwenye vita vya Shela kati ya Mombasa na Lamu, na kuanguka kwa utawala wa Wamazrui Mombasa mwaka 1837, ndipo beti zilizokwisha kusomeka zikaanza kueleweka.