Samaki malaika akijikuna si lazima iwe Cryptocaryon, hebu weka hiyo kopa chini kwanza

Nimetumiwa tena video ya emperor, aina ya malaika wa maji ya chumvi, anajisugua kwa mawe, jicho moja limeingia ukungu, na swali ni lile lile: niweke kopa, yaani dawa ya shaba, kiasi gani? Hata haulizi samaki ana nini. Jameni, nani aliwaambia kila samaki anayejikuna ana Cryptocaryon?

Cryptocaryon ni mdudu wa seli moja anayeleta madoa meupe kwa samaki, na kopa inamuua akiwa anaogelea kutafuta samaki wa kushika, hapo sina ugomvi na mtu. Lakini malaika wanapenda sana kuja na minyoo bapa, hasa Neobenedenia, na kopa haimtoi huyo. Utapima kopa asubuhi na jioni, samaki azidi kuisha, na kama ni Centropyge, wale malaika wadogo, hata kopa yenyewe inawasumbua, halafu uje useme ati umeuziwa dawa feki.

Shida ni kwamba mnyoo huyu kwenye maji ya chumvi hana rangi, anaweza kuwa na urefu wa milimita kadhaa, amekaa juu ya jicho hapo, na huoni kitu. Ndio maana nasisitiza dipu, yaani kumtumbukiza samaki kwenye maji yasiyo na chumvi, dakika tano, kwa beseni la rangi nyeusi. Maji ya mfereji toa klorini kwanza, pandisha pH ilingane na ya tanki kwa magadi ya kuokea, weka pampu ya hewa, na hita pia tafadhali, maji ya Nairobi mwezi wa saba ukimtumbukiza samaki aliyezoea digrii 26 utamuua wewe kabla ya mnyoo. Akilala ubavu kidogo usipanike, lakini akianza kurukaruka ovyo bila kutulia mtoe. Baada ya dakika chache angalia chini ya beseni: minyoo inageuka myeupe na kudondoka kama ufuta. Ukiiona, umepata jibu.

Usipoiona hujapata jibu, kwa sababu minyoo ya kwenye matamvua inaweza kubaki. Na akihema mbio, anakwepa taa na kukaa mbele ya pampu, inaweza kuwa velveti, ugonjwa mwingine wa vimelea, na hiyo inaua kwa siku chache, anza kopa. Kwa video tu mimi mwenyewe sithubutu kuapa ni ipi.

Dipu haimalizi kazi lakini. Weka prazikwanteli, dawa ya minyoo, kwenye karantini, yaani tanki la kumtenga, halafu urudie baada ya kama wiki kwa sababu haigusi mayai. Hiyo wiki si sheria, mayai yanaanguliwa haraka au polepole kulingana na joto la maji, kwa hivyo mimi huongeza dozi ya tatu hata kama samaki ameacha kujikuna, na samaki wengine hususia chakula siku za dawa, vumilia tu.

Na wavu uliomtolea usiuingize tanki lingine bila kuukausha kabisa, mayai yana nyuzi na yananasa hapo.