Taa Ilikuwa Wapi? Utambuzi wa Mshtakiwa katika Rufaa za Unyang'anyi wa Kutumia Silaha

Mtu aliyehukumiwa kwa unyang'anyi wa kutumia silaha, kosa ambalo chini ya kifungu cha 287A cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania lina adhabu isiyopungua kifungo cha miaka 30, anapoachiwa huru na Mahakama ya Rufani, mara nyingi aliyeporwa huumia kwa mara ya pili, akidhani ameitwa mwongo. Uchungu huo tunauelewa, lakini katika rufaa nyingi za aina hii hakuna anayebisha kwamba duka lilivunjwa na fedha zikachukuliwa. Linalobishaniwa ni nani aliyefanya hivyo, na katika hilo hata shahidi mkweli kabisa anaweza kukosea.

Katika shauri la Waziri Amani dhidi ya Jamhuri, lililoamuliwa mwaka 1980, Mahakama ya Rufani ilielekeza kwamba ushahidi wa utambuzi wa macho usitegemewe mpaka uwezekano wote wa kumfananisha mtu na mwingine uwe umeondolewa. Mahakama hupima muda ambao shahidi alimwona mhalifu, umbali uliokuwa kati yao, mwanga uliokuwapo, na kama aliwahi kumfahamu kabla ya siku hiyo.

Mwanga ndio unaoangusha kesi nyingi. Tuchukue mfano wa duka la mtaani lililovamiwa saa tatu usiku. Shahidi anasema, "Kulikuwa na taa ya umeme," na hakimu anaandika hivyo na kuendelea. Kwenye rufaa, majaji wanaposoma mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu za yaliyosemwa mahakamani, hawaoni taa hiyo ilining'inia ndani au barazani, ilikuwa na nguvu kiasi gani, wala kama iliangaza uso wa mvamizi au kisogo chake. Ikiwa mwanga wenyewe ulikuwa wa tochi iliyoshikwa na mvamizi, hali ni mbaya zaidi, kwa kuwa tochi humsaidia aliyeishika, na anayemulikwa usoni haoni kitu zaidi ya ule mng'ao. Tena mtu aliyewekewa panga shingoni hutazama panga.

Kumtambua mtu unayemfahamu kuna nguvu kuliko kumtambua mgeni, ingawa mahakama zimekumbusha mara nyingi kwamba hata ndugu na marafiki wa karibu hufananishwa. Hapa ndipo nusu saa ya kwanza baada ya tukio inapokuwa na thamani kubwa. Shahidi aliyewatajia jina majirani waliokuja kwa yowe, kisha akalitaja kituoni usiku huo huo, ushahidi wake hupata uzito, ilhali aliyelitaja baada ya wiki mbili bila kueleza kilichomchelewesha huzua mashaka ambayo wakili wa Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, atapata taabu kuyafuta.

Kwa mtuhumiwa ambaye ni mgeni kwa shahidi, polisi wapewe maelezo ya umbo, kimo, rangi, mavazi na alama yoyote kabla gwaride la utambulisho, ambapo mtuhumiwa hupangwa mstarini na watu wengine ili shahidi amtambue, halijafanyika. Gwaride lenyewe halitoshi kumtia mtu hatiani, kwani kazi yake ni kuunga mkono ushahidi mwingine, na halifai kitu ikiwa shahidi alikwisha kumwona mtuhumiwa akiwa na pingu kituoni. Kumnyooshea kidole kwa mara ya kwanza mtu aliyesimama kizimbani, pasipo gwaride kutangulia, kuna thamani ndogo sana: kila aliyemo ukumbini anajua mshtakiwa ni yupi.

Mahakama Kuu, katika rufaa ya kwanza, ina wajibu wa kuupima upya ushahidi wote. Mahakama ya Rufani, katika rufaa ya pili, hujikita kwenye hoja za kisheria, lakini huingilia kati pale mahakama za chini zilipouelewa vibaya ushahidi. Shaka linalomnufaisha mrufani sharti litokane na ushahidi wenyewe, kwa mfano taa isiyoelezwa au jina lililochelewa, wala si dhana tu. Likiwapo, majaji hufuta hatia na kuamuru aachiwe huru, isipokuwa kama anashikiliwa kwa sababu nyingine halali. Amri hiyo haisemi kwamba mwenye duka alidanganya. Inasema kwamba Jamhuri, ambayo mzigo wa kuthibitisha haukuondoka mabegani mwake tangu siku ya kwanza, haikuthibitisha kwamba aliyeonekana usiku ule ni huyu.