Ile picha ya meli iliyojaa watu si ya Wazungu wakikimbilia Afrika

Picha hii huzunguka kwenye magrupu kila mwaka: meli imefurika watu, wengine wananing'inia kwenye kamba na milingoti. Maneno chini yake husema ni Wazungu wakikimbilia Afrika wakati wa Vita Kuu ya Pili.

Sivyo. Meli ni Vlora, na watu hao ni Waalbania, takriban 20,000, walioingia bandari ya Bari, Italia, Agosti 8, 1991. Walitoka Durrës, bandari ya Albania, nchi yao ilipokuwa imedidimia kiuchumi. Meli yenyewe iliundwa 1960, vita vikiwa vimekwisha miaka 15. Ukitaka kuhakiki, hifadhi picha, ipakie kwenye programu ya kutafuta kwa picha, kisha fungua matokeo ya zamani zaidi. Kama imekatwa pembeni, tafuta nakala nzima.

Watu huchanganyikiwa kwa sababu uongo huu umeegemea jambo la kweli. Kuanzia 1942, maelfu ya Wapolandi, wengi wanawake na watoto waliowahi kuhamishiwa Siberia kwa nguvu, walipitia Iran wakaletwa kwa meli Afrika Mashariki. Tengeru, karibu na Arusha, walikaa takriban 5,000 kwenye vijumba vya duara. Watoto walisoma kwa Kipolandi, na makaburi yao yapo hadi leo. Masindi, Uganda, waliacha kanisa.

Kwa hiyo ukiipokea tena, usiisambaze. Mjibu aliyeituma kwa maneno mawili tu: "Bari, 1991."