Je wajua? Mtumishi wa serikali akikuumiza akiwa kazini, anashtakika au hashtakiki?

Kaa Mwaloni Kirumba hapa Mwanza asubuhi wakati dagaa wanaanikwa utasikia hii mada inarushwa kila siku. Afisa uvuvi kaja na askari, kabeba nyavu, mwenye nyavu anafoka kwamba ataenda mahakamani, alafu mzee mmoja pembeni anamkata kauli: "Achana nae, hao wana kinga, huwapati popote." Na watu wanakubali, yaani kama vile ni amri ya Mungu.

Sasa mzee ana nusu ya ukweli. Kinga ipo kweli, ila wengi tunaifikiria vibaya, tunaona kama imeshonwa kwenye sare, akiivaa tu basi hagusiki. Sheria haisemi hivyo. Kinachokingwa ni kazi iliyofanywa kwa nia njema na ndani ya mamlaka yake, mtu mwenyewe anabaki mtu kama wewe.

Kwanza kwa nini iwepo kabisa? Mchukue hakimu wa mahakama ya mwanzo pale Igoma au Ilemela, kila kesi anayoamua kuna mtu anatoka pale amenuna. Kama kila aliyeshindwa angeruhusiwa kumfungulia hakimu kesi binafsi, basi hakimu angeamua kwa kuangalia nani ana wakili mkali na nani hana, na maskini angeumia kila siku. Ni sawa na refa wa uwanja wa CCM Kirumba ajue akitoa penati atalipa fidia kwa timu iliyofungwa, nani atapuliza filimbi? Ndo maana hakimu na jaji wamekingwa kuliko karibu watumishi wote, Kanuni ya Adhabu inasema hawana kosa la jinai kwa walichofanya wakitimiza kazi ya kimahakama hata kama kwa bahati mbaya walivuka mipaka ya mamlaka yao. Lakini rushwa sio kazi ya kimahakama, akipokea bahasha hapo kinga hamna.

Wanasiasa nao wana ya kwao. Katiba ya 1977 ibara ya 46 inasema Rais akiwa madarakani hashtakiwi kwa jinai, na hata akishastaafu hashtakiwi kwa aliyoyafanya kama Rais, isipokuwa kama aliondolewa na Bunge. Mbunge yeye ibara ya 100 inamlinda kwa anachosema bungeni, hayo hayo akiyarudia kwenye mkutano wa hadhara viwanja vya Furahisha ajue yuko peke yake.

Wanaobaki, ambao ndo tunakutana nao sisi, yaani DC (mkuu wa wilaya), askari, afisa uvuvi, mgambo, mtendaji wa kata, hawana kinga ya namna hiyo. Chukua hii ya DC kumweka mtu ndani masaa 48, watu wanaiogopa sana. Inatoka kwenye Sheria ya Tawala za Mikoa ya 1997, na ukiisoma utashangaa, kwa sababu DC hawezi kukuweka ndani eti umechelewa kwenye kikao chake au umemjibu vibaya. Inatakiwa awe na sababu ya kuamini utavuruga amani na hakuna njia nyingine ya kuzuia zaidi ya kukukamata, sababu aziandike, na ndani ya hayo masaa 48 upelekwe kwa hakimu au uachiwe. Alafu sheria hiyo hiyo inasema kiongozi akiitumia kwa kuonea, anashtakiwa kwa matumizi mabaya ya madaraka chini ya Kanuni ya Adhabu. Yaani waliotunga walijua kabisa kuna watu watalewa cheo. Hiki kipande ndo hakitajwi kwenye mikutano.

Na sio maneno ya kwenye karatasi tu. Mawaziri wa zamani Basil Mramba na Daniel Yona walihukumiwa Julai 2015 miaka 3 jela, kosa likiwa matumizi mabaya ya madaraka kwenye msamaha wa kodi waliohusika nao wakiwa ofisini, kazi ya uwaziri kabisa hiyo, Mahakama Kuu ikapunguza ikawa 2 na mwisho wakamalizia kwa kufanya usafi hospitali ya Sinza Palestina. Hapa kwetu meli ya MV Bukoba ilipozama tarehe 21 Mei 1996 na zaidi ya watu 800 kupotea, maafisa 9 wa Shirika la Reli walifikishwa mahakamani, nahodha akiwemo. Hakuna aliyesema "walikuwa kazini, waacheni".

Kwa hiyo rudi pale mwaloni. Afisa akikamata kokoro, ule wavu wa kukokota, hiyo ni zana haramu na yuko kazini, hata ukilia. Akikamata wavu halali kwa kukosea kweli, lawama ya jinai ni ngumu kumbandika, ila hasara yako unaidai kwa serikali iliyomtuma. Akikuambia toa hela ya maji nikuachie, hiyo ni rushwa, nenda TAKUKURU. Akikupiga makofi wakati umeshatii, mi sioni kazi gani ya uvuvi inafanyika kwa makofi, hilo ni shambulio kama la mtu yeyote.

Ugumu halisi ambao mzee wa mwaloni aliuhisi bila kuujua uko kwenye utaratibu wa kudai fidia. Ukitaka kuidai serikali lazima utoe notisi ya siku 90 kwanza, na tangu marekebisho ya 2020 halmashauri na mashirika ya umma nao wamo humo humo. Mvuvi aliyekaa miezi mitatu bila nyavu atakuwa ameshakopa mpaka kwa shemeji. Alafu Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe kwenye kesi, sio hiari, mtu anaweza kuja na ushahidi wote, picha, mashahidi watano, risiti za duka la nyavu, lakini kama amemdai halmashauri peke yake bila Mwanasheria Mkuu kesi inatupwa kabla hata ya kusikilizwa, na anaanza upya.