Muziki wa jana hauhifadhiwi na joto

Ukifanya kazi ya kukodisha mitambo ya sauti hapa uwanda wa Kano, Kisumu nchini Kenya, kuanzia Ahero hadi Awasi, hadithi hii utaisikia mpaka uichoke: eti muziki wa jioni humezwa na joto la mchana lililobaki hewani, kisha baridi ya alfajiri inautema. Mtambo ulizimwa saa 6 usiku, jirani anaapa kwamba saa 10 alfajiri alisikia wimbo uleule. Vijana nao wametia chumvi: huo ndio ushahidi kwamba wakati hurudi nyuma. Mwenyekiti mmoja wa kamati ya mazishi alitaka niende kwa chifu nikaeleze hivyo, maana malalamiko yalikuwa yamefika huko. Nikamwambia, mzee, mimi ni fundi wa spika, si mganga.

Haya, tupige hesabu. Kwenye hewa ya nyuzi 20, sauti huenda mita 343 kwa sekunde. Kwa saa 4 itakuwa imekata zaidi ya kilomita 4,900. Ukiielekeza kusini, Cape Town imeachwa nyuma. Sauti iliyowahi kusikika kwa umbali wa namna hiyo ipo. Tarehe 27 Agosti 1883 volkano ya Krakatoa, Indonesia, ililipuka, na watu wa kisiwa cha Rodrigues, kilomita kama 4,800 kutoka hapo, wakasikia milio kama ya mizinga baada ya saa 4 hivi. Huo ulikuwa mlima unaopasuka. Mimi nina besi mbili na genereta ya petroli.

Tena hata mlio wa Krakatoa haukukaa mahali ukingoja. Sauti ni mtikisiko wa hewa: ama inasonga, ama imekwisha. Inapokwisha hugeuka joto kweli, na hapo ndipo watu hudaka nusu ya habari na kukimbia nayo. Joto lenyewe ni kidogo mno, na chembe za hewa zimeshavurugika kila moja na njia yake. Hakuna kinachobaki cha kuonyesha huu ulikuwa ngoma na huu ulikuwa sauti ya mchungaji. Kuudai wimbo wako kutoka kwenye joto hilo ni kama kudai maziwa yako kutoka kwenye chai iliyokwisha chemka.

Sasa jirani alisikia nini? Alisikia disko matanga, yaani muziki wa mkesha wa mazishi, ya watu wengine. Mchana ardhi huwa moto, na hewa iliyo karibu nayo ni moto kuliko ya juu. Sauti hukimbia zaidi kwenye hewa ya moto, kwa hiyo upande wa chini wa wimbi hutangulia na wimbi lote hupinda kuelekea angani. Aliye kilomita mbili mbele haambulii kitu. Usiku usio na mawingu wala upepo mambo hugeuka. Udongo hupoa, hewa baridi huteremka kutoka miinuko ya Nandi na kutuama juu ya mashamba ya mpunga, na hewa yenye joto inabaki juu yake. Wimbi sasa hupinda kurudi chini, linatambaa juu ya uwanda kilomita kadhaa. Hali hii hukolea karibu na mapambazuko, saa zilezile za ushahidi wa jirani. Kinachofika mbali hasa ni besi, kwa sababu hewa hula sauti nyembamba kwanza. Na kwa mdundo peke yake, nani atatofautisha nyimbo, ikiwa madijei wetu wote wanapiga zilezile?

Kwa hiyo ushauri wangu ni uleule ambao hakuna anayeutaka: punguzeni besi, inamisheni spika ziwatazame wachezaji, na acheni kuzipandisha juu ya lori. Kanuni za kelele za Kenya za 2009 zinahesabu usiku kuanzia saa 2, na kiwango cha nje kwenye makazi ni desibeli 35. Hiyo ni chini ya mazungumzo ya kawaida.

Mengine ninayoambiwa kuhusu sauti nayapitia haraka. Ndege ikiipita sauti hairudi jana. Concorde, ndege ya abiria iliyoipita kasi ya sauti, ilifika New York saa ikisoma mapema kuliko ilivyoondoka London kwa sababu saa za miji hiyo zinatofautiana kwa 5, na safari ilichukua takriban 3 na nusu.

Nakuru, iliyo juu zaidi, sauti huenda polepole kidogo kuliko Kisumu, lakini sababu ni baridi, si wembamba wa hewa.

Kuna video ya bomba linaloimba likipashwa moto, nayo ni ya kweli. Pieter Rijke alilieleza mwaka 1859. Lakini bomba hutunga mlio mpya papo hapo, halikumbuki wa zamani. Sauti ya zamani huhitaji kuandikwa: Mfaransa Scott de Martinville alichora wimbo kwenye karatasi yenye masizi mwaka 1860, ukaja kusikika 2008.

La mwisho, kwa wanaokuja krusedi. Spika za nyuma, mita 100 kutoka jukwaani, nazichelewesha sekunde 0.29 ili zilingane na za mbele. Hewa ikishuka kutoka nyuzi 30 hadi 20, natakiwa kuongeza kama sekunde 0.005. Ndiyo maana jua likizama mnaniona nimeinamia mtambo. Sichagui wimbo, msinijie na maombi.